Usimtumie Jérôme Pesa za Paneli

Bunia, Mudzipela
Tarehe 11 Machi 2025

Mpendwa mpwa wangu Néhémie,

Nakusalimu kutoka nyumbani kwetu. Afya yako na ya mkeo Prudence zikoje? Mvua za Lubumbashi zimepungua? Sisi huku tuko wazima, isipokuwa magoti yangu, ambayo hayapendi baridi hii.

Mama yako Alphonsine bado yuko hospitali. Mapafu yametulia, na daktari amekubali arudi nyumbani kwa sharti moja: ile mashine ya oksijeni uliyomnunulia ipate umeme usiku mzima bila kukatika. Umeme wa mtaa wetu unaujua. Ndiyo maana uliniomba nitafute bei za paneli za jua, na ndiyo maana nakuomba leo: usimtumie Jérôme pesa ya paneli Ijumaa.

Najua umekwisha kumpa neno. Ana duka la paneli, lakini pia ni shemasi wetu, na kumwomba shemasi aeleze devis yake, ile karatasi ya bei, mstari kwa mstari huonekana kama kumwita mwizi. Nilimwomba hata hivyo. Akanijibu mbele ya wateja wake: «Muzee Hippolyte, weye uliacha kufundisha, lakini ungali unasahihisha! Hauniamini?» Watu wakacheka. Nami nikacheka, kisha nikarudia swali.

Sikiliza nikueleze. Ulimwambia unataka paneli sita kama za jirani yetu Gauthier. Hapa mjini tunapima nyumba ya mtu kwa paneli zilizo juu ya bati, maana ndizo zinazoonekana barabarani. Lakini usiku paneli hazifanyi kazi. Usiku mama yako atategemea batri, na batri inakaa ndani, hakuna mpita njia anayeisifu. Jérôme ameandika paneli sita na batri mbili ndogo: dola elfu mbili. Hortense, yule mfanyabiashara aliyetoka Butembo, ameandika paneli nne na batri moja kubwa ya lithium: dola elfu tatu. Ukisoma mstari wa chini peke yake, utamchagua Jérôme.

Mimi nilisoma mistari ya juu. Kwa Jérôme hakuna nyaya, hakuna vyuma vya kufungia, hakuna malipo ya fundi. Ukiviongeza, tofauti inapungua karibu nusu. Tena batri za aina yake, ukizimaliza chaji kila usiku, hazikai miaka mingi. Hortense naye si malaika: aliandika usafiri kutoka mpakani Kasindi mara mbili, akaufuta mmoja nilipomwonyesha.

Ili tusibishane, Jumamosi nilibeba mashine hadi dukani kwa Jérôme, tukaifunga kwenye batri zake zilizojaa, bila paneli, kana kwamba ni usiku. Tuliiwasha baada ya chai ya asubuhi. Saa saba mchana ikaanza kulia, ikazima. «Ni juu ya baridi, Muzee,» akasema. Baridi, saa saba mchana! Jana tukajaribu batri ya Hortense. Iliendesha mashine tangu asubuhi hadi giza likaingia, na akiba ikabaki.

Shida ni mama yako. Anadhani mimi ndiye ninayemfungia hospitali. Jana alisukuma sahani niliyompelekea: «Kaka, paneli iko juu ya bati ya kila mutu. Ya kwangu tu ndiyo unaiombea diplome?» Sikumweleza jinsi mashine ilivyozima. Ningemwelezaje, naye ndiye atakayelala kando yake?

Pesa iliyopungua, tafadhali usiikope. Friji na televisheni ulizoniandikia tuziache. Kila kimoja kingekula batri ya mama. Hortense amekubali kupokea sehemu iliyobaki mwisho wa Aprili. Kwa siku za mawingu mengi, tutaweka mtungi mmoja wa oksijeni chumbani.

Leo asubuhi nimemwambia Jérôme hapana, kwa jina lako, bila ruhusa yako. Hakunipa mkono. Kama ni aibu, iwe yangu. Lakini pesa ikifika kwake Ijumaa, hapana yangu haina nguvu, na mama yako atarudi nyumbani kwenye zile batri. Nijibu kabla ya hapo.

Nisalimie Prudence na watoto. Kavira na Angélique, ninaokaa nao hapa nyumbani, wanakusalimu kwa moyo. Mungu awalinde njiani na nyumbani.

Mimi mjomba wako akupendaye daima,
Hippolyte