Ndevu Walizomfugisha Mzee Otari

Jumamosi hapa Irving, Amerika. Joto la leo, ukigusa mlango wa gari unaungua. Mimi nimeungua na mdomo wangu.

Mzee Otari ninayemtunza hapa kwa binti yake si mtu hivi hivi. Kwao Georgia, si hii ya Atlanta, ile ya kule jirani na Urusi, alikuwa muigizaji mkubwa wa filamu. Akienda kununua mkate watu wamfuata nyuma. Picha ziko ukutani: yuko juu ya farasi, masharubu kama mbawa za kunguru! Kisha nchi ikavurugika, kazi za filamu zikaisha, akamfuata mtoto Amerika. Huku watu wa filamu wakimuita, ni kuigiza Mrusi mbaya tu. Aingie, apigwe risasi, afe. Na ukimuita Mrusi siku hiyo hali chakula.

Mwaka jana wakamuita Houston. Safari hii babu mzuri, anamuaga mjukuu wake stesheni, na ana maneno ya kusema. Wakamwambia afuge ndevu.

Nika-drive mimi. Njia nzima yeye ni hayo maneno tu: "Nenda mwanangu, usigeuke nyuma." Mara analia, mara anacheka, mpaka mimi machozi yananitoka kwenye usukani.

Tukarudi, ndevu hakuzinyoa. "Mama, labda wataita tena." Kila asubuhi namchana.

Leo filamu imetoka. Na mimi nitakaa kimya? Nilishatangaza kwenye grupu letu la WhatsApp, kina mama wa Pwani wote. Wakaja na mahamri na mbaazi. Mzee kavaa suti, kakaa mbele kabisa ya TV kama bwana harusi.

Stesheni ikatokea. Tukaona mgongo. Mgongo na kofia. Mjukuu ndiye anayeonekana uso.

Na sauti si yake. Wameweka ya mtu mwingine.

Sasa ndevu mlizitakia nini, nyie watu, kama mtapiga mgongo?

Bi Rukia wa Grand Prairie, hana dogo yule, akasema, "Ehe, Mwanaisha! Nyota wako ndo huo mgongo? Mbona hata mume wangu anao!"

Wakaangua kicheko. Na mimi nikacheka.

Mimi!

Mzee Kiswahili hajui hata neno. Lakini hakuwatazama wao. Alinitazama mimi.

Walipoondoka nikamletea chai. Hakuigusa. Akajipapasa kidevu, akasema kwa kile Kizungu chake cha kuvunjika, "Mama, kesho nyoa."

Nikamwambia ngoja basi, Houston si watapiga simu? Akatikisa kichwa.

Wembe nimeshautoa, uko pale kwenye sinki. Kesho nitamshika kidevu, uso kwa uso. Akiniuliza nilicheka nini, nitamjibu nini mimi?