Nilimwitikia Mjomba Marahaba

Jumapili, katikati ya Februari. Mvua imenyesha tangu alfajiri na sasa yamebaki matone ya kwenye bati tu. Sikwenda mjini, Cheyo, kwa mama kama ilivyo kawaida yangu kila mwisho wa wiki. Nilimwambia kwa simu kwamba kazi zimenibana. Nimemdanganya. Niliogopa ataniuliza habari za mdogo wake.

Mdogo wake ni mjomba Maganga, mkulima wa tumbaku, na haya ninayoyaandika yanamhusu yeye na binti yake Shija. Sitataja jina la kata wala la ofisi. Wanaonisoma hapa ni wachache na wengi tulisoma pamoja, lakini mimi ni mtu wa kuogopa, mnanijua.

Kwa asiyenijua: ni karani katika ofisi ya mtendaji wa kata moja kando ya reli, upande wa Urambo. Bado niko kwenye kipindi cha majaribio. Karani aliyenitangulia aliondolewa kwa sababu alikuwa akiwatonya ndugu zake kabla mgambo hawajawafikia. Siku yangu ya kwanza mtendaji aliniambia, "Binti, hapa ofisini huna ndugu. Ndugu zako wako nyumbani." Nikalishika neno hilo kama dua.

Kijiji cha mjomba kimo ndani ya kata hii hii. Sikumwambia mtu.

Mwaka jana, siku chache kabla ya mtihani wa darasa la saba, mjomba alimwita Shija akamwambia aandike vibaya. Wanaofanya hivyo huku kwetu ni wengi, ila hakuna anayelisema hadharani. Mtoto akifeli, mambo yanaisha kimya kimya. Akifaulu, mzazi anatakiwa ampeleke sekondari, na asipompeleka ni kesi. Ada hakuna, kweli. Lakini kuna sare, viatu, madaftari, chakula, na chumba cha kupanga, kwa sababu shule iko mbali na kijiji na mto hujaa wakati wa mvua. Vyote hivyo vinahitajika Januari, na Januari mkulima wa tumbaku hana kitu. Jasho lake bado liko shambani, bichi, linasubiri kuvunwa na kukaushwa. Soko ni mpaka kiangazi. Sijui nani alipanga shule zifunguliwe mwezi ambao mkulima ni maskini kuliko miezi yote, lakini nina hakika yeye hajawahi kulima tumbaku.

Shija alinisimulia mwenyewe mwezi wa Desemba nilipokwenda kuwasalimia. Alikuwa anapepeta mahindi, anacheka.

"Baba alisema niweke A mwanzo mpaka mwisho. Nikaweka A, A, A. Kufika swali la nne, dada, naona kabisa jibu ni C. Naliona! Mkono ukakataa."

Akafaulu. Matokeo yalipotoka, nyumba ile ilikuwa kama imefiwa.

Siku ile ile, bila kuinua macho kwenye ungo, aliniuliza, "Dada, pale kwako mnalala wangapi?"

"Niko peke yangu," nikamjibu, "lakini pamebana."

"Aa," akasema, akaendelea kupepeta.

Hapajabana. Vitanda viwili vinaenea humu ndani na nafasi ya kupita inabaki. Kengele ya sekondari naisikia nikiwa napiga mswaki. Nilisema pamebana kwa sababu niliona maswali ya watu kabla hayajaulizwa: huyu ni nani, anatoka wapi, kumbe karani ana ndugu hapa.

Sasa nifike Alhamisi.

Walikuwa wameitwa wazazi ambao watoto wao hawajaripoti kidato cha kwanza. Benchi la nje lilijaa mapema. Nilikuwa nakaribisha mmoja mmoja, nauliza jina na kijiji, naandika, kisha namwelekeza kwa mtendaji, meza ya pili. Nikainua kichwa, nikamwona mjomba mlangoni. Amevaa koti lake la kwenda msibani. Vidole vyake vina ule weusi wa utomvu wa tumbaku ambao hautoki kwa sabuni. Nyuma yake amesimama Shija.

Macho yetu yakakutana. Sijui aliona nini usoni kwangu. Mimi niliinamia karatasi.

Alipofika mezani aliinama kidogo, akavua kofia, akasema, "Shikamoo, mheshimiwa karani."

Huyu ni mtu aliyenibeba mabegani. Baba yangu alipofariki ni yeye aliyekuwa akitupakilia gunia la mahindi kwenye treni kila muhula, nikasoma mpaka kidato cha sita, nikasoma mpaka chuo. Mimi ndiye wa kumwamkia. Tangu nijue kusema, mimi ndiye ninayemwamkia.

Nikaitikia, "Marahaba."

Neno lilitoka lenyewe, laini, kama kwa mzee yeyote wa vijijini anayemwogopa mtu mwenye kalamu. Wapo wanaotuamkia hivyo kila siku, watu wa umri wa babu zetu, na kila siku mimi huwakatiza, huwaambia hapana babu, wa kuamkia ni mimi. Alhamisi sikukatiza.

"Jina?" nikamuuliza.

"Maganga."

"Kijiji?"

Akanitajia kijiji ambacho nimekula likizo zangu zote za utotoni.

Mtendaji wetu ni Mzaramo, na Wazaramo ni watani zetu. Alipomwona mjomba alichangamka. "Haya, Mnyamwezi! Mtoto umemficha wapi siku zote, kwenye bani?" Bani ni kile kibanda cha kukaushia tumbaku kwa moto.

"Nimfiche vipi, mtani, na wewe unamtazama?"

Watu wa kwenye benchi wakacheka.

"Babu zako walibeba mizigo kwa miguu kutoka hapa mpaka kwetu pwani. Wewe unashindwa kumfikisha mtoto sekondari?"

"Wale walikuwa wengi kwenye msafara, mtani. Mimi nabeba peke yangu."

Wakacheka zaidi. Na mimi nikacheka. Hilo nalo nililifanya.

Kisha mtendaji akaacha kucheka. Akamgeukia Shija, akamuuliza kwa upole tu, nadhani kwa nia njema, kama shule anaitaka au haitaki.

Shija alitazama viatu vya baba yake. Halafu akanitazama mimi. Hakunitazama kwa hasira. Alinitazama kama mtu anayesubiri mwingine aanze kusema. Nilikuwa na nafasi ya kusema neno. Ningesema mtoto huyu namjua, anaitaka shule kuliko chakula, na mahali pa kulala napo papo, ni kwangu. Maneno machache. Nilikuwa na kalamu mkononi, nikaikaza.

"Siitaki," akasema Shija.

"Kwa nini?"

"Sina akili ya shule."

Nikaandika. Hivyo hivyo alivyosema, kwa mwandiko wangu mzuri uliolipiwa kwa mahindi ya baba yake.

Mtendaji akasema kutaka na kutotaka hakumhusu yeye. Jumatatu mtoto asipokuwa darasani, mzee atalala mahabusu, na hapo utani utakuwa umekwisha kweli. Mjomba akasema ndiyo. Akaomba ruhusa ya kuondoka. Akapita mezani kwangu akasema, "Asante, mheshimiwa," wakatoka.

Nikamwita anayefuata. Nikaandika jina lake kwa mwandiko ule ule mzuri. Hilo ndilo linaloniogopesha kuliko yote.

Jana nilipanda bodaboda nikaenda kijijini. Njia nzima nilikuwa napanga maneno ya kuomba radhi, na nilikuwa nimejiandaa kutukanwa. Mjomba alikuwa anapasua kuni karibu na bani. Nikamwamkia mpaka magoti yakagusa udongo. Akaitikia vizuri, akasema, "Karibu, Zuhura."

Mkewe, mama Shija, ndiye aliyetoka jikoni akiwa amefunga kanga kiunoni. "Karani amekuja kutukamata na Jumamosi? Nimpe kiti, au nimpe mikono atie pingu?"

"Acha hayo," mjomba akamwambia.

"Siachi. Alhamisi nasikia alikuwa hamjui mtu. Leo amekumbukaje njia?"

Nikasema nimekosa. Nikalia, na nikaona aibu kulia, kwa sababu mtu aliyekosea hastahili kuwa wa kwanza kulia. Mjomba akaweka shoka chini. "Ulikuwa kazini," akasema. "Nilipoingia nikaona umeogopa. Nikasema moyoni, nisimwongezee."

Nisimwongezee. Yeye ndiye aliyekuwa ametishwa na mahabusu, na alikuwa ananihurumia mimi.

Nikawaambia nimekuja kumchukua Shija akae kwangu. Sketi zangu mbili za zamani nitazipeleka kwa fundi, blauzi ninayo, chakula tutakula nilichonacho. Mama Shija akamtazama mumewe. Mjomba akakuna kidevu, akauliza swali moja.

"Na moto?"

Bani likishajazwa majani, moto wake hauzimwi siku nzima na usiku kucha mpaka yakauke. Ukizembea, majani yanaharibika na jasho la mwaka limekwenda. Mjomba siku nyingi huwa shambani anavuna. Anayelinda moto ni mama Shija, kwa zamu na Shija. Hii ndiyo hesabu ambayo sisi wa ofisini hatumuulizi mzazi. Tunauliza jina na kijiji.

Shija alikuwa amekaa pale kwenye mdomo wa tanuri, anasikia kila kitu. Akasema, "Dada, nikija kwako, ofisini watasema mimi ni nani wako?"

Hakusema kwa kejeli. Aliuliza kama mtu anayeuliza viatu aviweke wapi.

"Mdogo wangu," nikasema. "Binti wa mjomba wangu."

"Utawaambia wewe au niwaambie mimi?"

"Nitawaambia mimi."

Mama yake akacheka kwa puani. Shija aliniangalia kidogo, akasimama, akajifuta majivu, akaingia ndani kufunga nguo zake.

Gogo alilokuwa analisukuma lilibaki nusu nje. Ndipo mdogo wake Kabula, wa darasa la tano, akatoka ukutani alikokuwa ameegemea. Hakuna aliyemtuma. Akakaa kwenye lile jiwe alilokuwa amekalia dada yake, akalisukuma gogo ndani kwa mguu, akajikinga moshi kwa mkono. Mjomba alimwona. Mimi nilimwona. Mama yake alimwona. Hakuna aliyemwinua.

Kitanda cha tatu hakienei humu ndani. Na hata kingeenea, moto ungebaki na nani?

Kwa hiyo kesho Kabula atasinzia juu ya dawati, au hatafika kabisa, na kesho kutwa vilevile, mpaka majani yaishe. Mtoto anayesinzia darasani haitwi mtoro. Hakuna atakayemwita mzazi wake ofisini, na mimi sitaandika jina lake popote isipokuwa hapa. Nilikwenda kurekebisha kosa langu, nikarudi na mtoto mmoja nikiwa nimemwachia mwingine mzigo. Lau ningesema ndiyo Desemba, pengine tungekuwa na muda wa kutafuta mtu wa kusaidia pale kwenye bani. Pengine. Sijui. Huwa najua vitu vikiwa vimeshapita.

Shija yuko nje chini ya upenu, anafua blauzi, anaimba. Fundi ameleta sketi moja, nyingine ameahidi katikati ya wiki. Shija ameniuliza mara mbili kengele inalia saa ngapi.

Njia ya kwenda shule inapita mbele ya mlango wa ofisi yetu. Mtendaji huwahi, hukaa kibarazani na chai yake. Kesho nitasimama pale na Shija, niseme huyu ni binti wa mjomba wangu, na yule mzee wa Alhamisi ndiye mjomba wangu. Nimelifanyia mazoezi neno hilo tangu asubuhi. Humu chumbani linatoka. Nikifikiria uso wa mtendaji, naishia katikati, naanza upya. Huenda atacheka tu, atanitania. Huenda atamkumbuka karani aliyenitangulia.

Kuna njia nyingine ya nyuma, kando ya reli. Ni fupi zaidi, na haipiti ofisini.

Shija haijui. Sitamwonyesha.