Ndoa Imemponya Mume Wangu Kichwa: Je, Baba Mkubwa Ampe Fuso?

…na pale unité zangu za simu zilipoisha Jumanne, Mama Berthe, ndiyo kwanza nilikuwa nafika kwenye utamu wenyewe, kwa hiyo naendelea kwa maandishi, maana furaha hii siwezi kuiacha njiani. Nilikuwa nimesema mume wangu anaitwa Shafii, nikasema tulifunga nikaha hapa Beni mara tu baada ya Idi, nikaanza kusema jinsi anavyocheka, hapo simu ikakatika. Mshauri wangu mpendwa, msaada ninaouomba ni wa mtu mwenye raha, sijui kama huwa unawapata wa namna hiyo.

Shafii ni dereva wa Fuso. Kabla hatujaoana alianguka na pikipiki kwenye barabara ya Oicha, akapiga kichwa chini, akalala bila kujitambua hadi siku iliyofuata, na alipoamka alikuwa yeye yule yule ila msahaulifu, hata siku ya kuja kujitambulisha kwetu aliisahau, akatokea kesho yake na mkungu wa ndizi begani, amevaa suti, mimi nikalia kwa kumpenda. Hospitali wakamtuma Butembo, kwenye kituo kimoja cha Mususa, kwa Madame Nadège, ambaye ni mwanasaikolojia wa mambo ya ubongo. Yeye hapigi picha kichwa chako, anakupa kazi ndogo ndogo na kupima unavyozifanya. Alimsomea Shafii maneno kumi na tano ayarudie, akamshughulisha na mambo mengine, kisha akamtaka ayarudie tena. Halafu akampa karatasi yenye namba na herufi zilizotawanyika, aziunganishe kwa kalamu, moja kwenda A, A kwenda mbili, mbili kwenda B, mbio mbio huku anapimwa kwa saa. Maneno yalibaki matano tu. Madame akatueleza kwamba amekwisha kuwapima watu wengi wazima wa Butembo na Beni, na wale wenye umri na masomo kama ya Shafii hukumbuka kama kumi hivi, kwa hiyo mume wangu asishike usukani kwanza.

Basi tukaoana! Mama Berthe, asubuhi za ndoa hakuna aliyenieleza kwamba ziko hivi. Mimi siku ile ya kipimo nilikuwa nimekaa kwenye benchi nyuma yake, na nina diplôme yangu ya État ya kumaliza sekondari, kukariri ni kazi yangu, kwa hiyo maneno yote niliyashika, nikayafanya majina yetu ya mapenzi. Jua likichomoza tu, namshika sikio:

«Amuka, sufuria yangu.»

«Niko naamuka, dirisha yangu.»

«Na mvua?»

«Mvua iko nyuma ya kiatu, chérie. Kiatu, mvua, musumari, mbuzi…»

Tunaimba hivyo mpaka chai ichemke. Jirani yetu Furaha alitusikia kupitia ukutani, akaniuliza: «Ee Hadjara, bwana yako amekuwa sufuria tangu lini?» Nikamwambia: «Tangu harusi. Wivu itakuuwa, dada!»

Wiki iliyopita tukarudi Mususa. Maneno yale yale, Mama Berthe, na Shafii akayataja kumi na manne, karibu kwa mpangilio! Nilipiga vigelegele hadi Madame akaniomba nitoke nje. Ile karatasi ya namba na herufi ilikwenda pole pole kama mara ya kwanza, lakini hiyo si kitu, nani kwenye maisha anaunganisha herufi kwa kalamu? Cha ajabu, Madame hakufurahi kama mimi. Alisema: «Maneno yamepanda kupita vile nilingojea. Mungoje, mwezi ujao nitamupima tena.»

Lakini baba mkubwa Maulidi, mwenye gari, yeye hangoji. Jumapili alikuja kula kwetu, akaweka kijiko chini.

«Fuso inapanda Butembo kuchukua viazi. Dereva wangu yuko wapi? Kama kichwa imepona, museme. Kama hapana, namupatia Issaka. Mi natafuta mutu wa kushika usukani, hapana mutu wa kuimbiwa na bibi yake.» Kisha akanigeukia mimi: «Wewe Hadjara ndiye unamufikishaka kwa docteur. Amepona ao hajapona?»

Shafii aliniangalia kwa macho yale, Mama Berthe. Usukani ndio maisha yake, anaulilia kimya kimya. Nikasema nitajibu Ijumaa.

Mimi naona amepona. Jana tu alikuwa ananimiminia chai, nikawa namsimulia ndoto yangu, naye akanisikiliza kwa moyo wake wote, chai ikajaa kikombe, ikajaa kisahani, ikateremka mezani hadi kwenye gauni langu la harusi, na yeye bado ananiangalia tu. Nani amewahi kupendwa hivyo? Basi nimwambie baba mkubwa kwamba amepona? Na wewe kwenye redio, si ungetangaza kwamba ndoa inaponya kichwa kilichoumia? Furaha nimekwisha kumwambia aharakishe harusi na Zorobabel wake, maana naye aliangukiwa na mbao kichwani.

Hadjara wa Shafii, Beni

*

Hadjara binti yangu, hongera kwa nikaha. Barua yako niliisoma mara mbili, ya kwanza nikicheka, ya pili nikiwa nimesimama. Asante kwa kuiandika kabla ya Ijumaa.

Kabla ya kukujibu nilimuuliza Henri, ambaye anafundisha kupima kumbukumbu na akili hapa Butembo, bila kutaja jina lako. Nilipofika kwenye sufuria na dirisha alishika kichwa kwa mikono miwili. Sasa nisikilize.

Umemwona mnunuzi wa kakao inayotoka Kamango. Gunia ni kubwa, yeye hawezi kulimwaga lote, kwa hiyo anachota kiganja kimoja, anakiangalia, na kwa kiganja hicho anajua kama gunia zima limekauka. Maneno kumi na tano ya Madame Nadège ni kiganja hicho. Yeye hana haja na sufuria wala msumari, anataka kujua kama kichwa cha Shafii kinaweza kushika jambo jipya, lolote, leo na kesho. Na wewe, binti yangu, umekianika kiganja kile tu juani kila asubuhi, ukakirudisha juu ya gunia, sasa unapiga vigelegele kwamba gunia lote limekauka. Labda limekauka! Lakini kwa kiganja kile hakuna tena anayeweza kujua.

Henri anasema hata bila nyimbo zenu, mtu akipimwa mara ya pili kwa maneno yale yale hupanda kidogo, hata mzima, kwa sababu ameshazoea. Mtu pia ana siku mbaya na siku nzuri. Ndiyo maana wanawapima wazima mara mbili, waone wao hupanda na kushuka kiasi gani, na mgonjwa anahesabiwa kuwa amebadilika kweli akipita kiasi hicho. Shafii alipita mno, Madame akashtuka. Hakuwa na roho mbaya, alikuwa anajiuliza kitu gani kimeingia kwenye kipimo chake. Kitu hicho ni wewe.

Na habari ya ndoa kuponya kichwa, siitangazi. Kichwa kilichoumia huanza kujirekebisha chenyewe kadiri miezi inavyopita, ukiwa umeolewa au hujaolewa. Ili tujue kazi ya ndoa ni ipi, tungekusanya wachumba wengi walioumia, tuwapigie kura, hawa waoane sasa, wale wangoje mwaka mzima, halafu tuwalinganishe. Wewe ungekubali kura ikuangushie upande wa kungoja? Najua hungekubali. Furaha aolewe na Zorobabel kwa sababu anamtaka, na huyo Zorobabel naye aende akapimwe.

Sasa ile karatasi ya namba na herufi uliyoisukuma pembeni. Hakuna aliyeiimba asubuhi, kwa hiyo yenyewe haijaharibika, na yenyewe haikusogea. Henri aliniambia inataka kichwa kishike mambo mawili kwa pamoja bila kuangusha moja. Hapo nikarudi kwenye gauni lako la harusi. Nakubali Shafii anakupenda, hilo limejaa barua nzima. Lakini alikuwa anasikiliza na kumimina, na kimoja kikamponyoka. Chai si kipimo cha daktari, na mimi si daktari. Ila mfikirie kwenye mteremko wa Kabasha, viazi vimejaa nyuma, convoyeur, msaidizi wake wa gari, anamwita dirishani, mbuzi anakatiza barabara. Kitakachomwagika siku hiyo si chai ya kukauka kwenye gauni.

Kwa hiyo leo, si kesho, mpigie Madame Nadège. Mweleze habari ya majina ya mapenzi yote bila kuona haya, atacheka kisha atakushukuru. Atakuwa na orodha nyingine, yenye maneno mengine ya ugumu ule ule. Siku ya kipimo wewe ukae nje, na Shafii akitoka usimuulize neno hata moja, muulize kama ana njaa. Ijumaa umjibu baba mkubwa Maulidi kwa ukweli: «Hatujajua.» Wala usiseme amepona, wala usiseme hajapona. Issaka apande na Fuso safari hizi. Ombeni Shafii asimamie upakiaji, abaki karibu na gari lake, na siku Madame atakapomruhusu, aanze na gari tupu, na dereva mwingine kando yake. Usiku wa leo mwambie Shafii haya mwenyewe, kwa sauti yako tamu hiyo. Atanuna. Mwache anune, atakuwa ananuna akiwa hai.

Na asubuhi endeleeni kuimba. Orodha ile imekwisha kuwa yenu, Madame hataitaka tena.

Kabla mwezi huu haujaisha nitateremka Beni kwa kazi ya redio, na nitapita kwenu. Niandalieni chai. Nataka Shafii mwenyewe ndiye animiminie, na wakati anamimina mimi nitakuwa naongea bila kunyamaza.

Mama Berthe, Butembo