Kelele za Nyuma

Jumatano, 9 Julai 2014
Kitabu cha kaka Enoka kimefika! Kimeshushwa kwenye basi la Dar, hapa Tunduma, kimeviringishiwa gazeti. Kinahusu mashine yake inayosikiliza mtu akisema Kiswahili, kisha inaandika. Nimefunga duka la vitenge mapema nikisome. Anasema mashine haielewi kitu — inakisia tu neno gani huwa linafuata neno gani, kwa kuwa imesikia watu wengi. Na watu wa kwetu Ihanda, nani aliwazungukia na kinasa sauti? Mimi. Masika yote, matope mpaka magotini.

Nimetafuta jina langu kwenye shukrani. Maprofesa, wafadhili, mke wake. Labda limo ndani.

Alhamisi, 10 Julai
Nimo. Ila si kwa jina. "Sauti za Ihanda ziliondolewa kwa sababu ya kelele za nyuma: mwanamke anayenong'ona."

Kelele! Sentensi za Enoka za kurekodi zote zilikuwa kwenye karatasi, na wazee hawajui kusoma. Masika yale nilimpigia simu. Akasema niwanong'oneze, wao warudie, ni sawa kabisa, mdogo wangu. Hata Mama nilimnong'oneza hivyo. Mama naye kaondolewa. Na mimi nilikuwa nimewaahidi wote kwamba mashine itawasikia.

Nimelia mbele ya Mzambia aliyekuja kuulizia chitenge. Aibu.

Jumamosi, 12 Julai
Ihanda, kwa Mama. Enoka kaja, mashine kaitia kwenye simu. Nimemuuliza kuhusu kelele. Kacheka. Eti ni lugha ya kitaalamu, nisiiweke moyoni. Halafu — hana haya huyu — eti nizunguke tena, turekodi upya, safari hii bila kunong'ona.

Nimechambua maharage mpaka yakaisha.

Jumapili, 13 Julai
Tumetoka ibadani. Majirani wamejaa sebuleni, mimi naandika chumbani, mlango uko wazi. Enoka kamsogezea Mama simu mdomoni. Sema chochote, Mama.

Mama kajifunga kitenge vizuri, kageuka, ananitazama mimi. Anasubiri nimnong'oneze, kama siku ile.

Sasa wote wamegeukia huku. Enoka ananibembeleza: Ketlina, mpe hata neno moja basi.

Si ndiye mtaalamu wa kukisia neno linalofuata? Akisie.

"Ketlina, mwanangu," Mama ananiuliza, taratibu, kwa lafudhi yetu ya Ihanda, "leo niludie nini?"

Simu imeandika kitu. Mtoto wa jirani kachungulia: "Mbona siyo alivyosema Mama?" Enoka kakisoma, kaifunika simu mezani. Mama bado ananitazama.