Mustari wa Mama Chantal

Musaga, Jumanne

Nimerudi sasa hivi kutoka mahakamani. Direktere wa shule alimutoa Mama Chantal kwenye komite ya wazazi kwa barua moja tu, naye akashitaki. Leo jaji akamuuliza: «Nani aliona wazazi wakikuchagua?»

Hatukuandika kitu siku ile. Kila muzazi alisimama nyuma ya mutu aliyemuchagua, pale uwanjani kwa shule.

Mama Chantal akageuka kututazama, sisi wazazi tuliokuja kusikiliza. Wote wakainamisha vichwa; watoto wetu wanasoma kwa direktere ule.

Mi nikasimama.

«Wewe ulikuwa kwenye mustari wake?»

«Apana, mheshimiwa. Nilikuwa nyuma ya mupinzani wake. Sisi tulikuwa saba. Mustari wake niliuona unafika mpaka kwenye geti.»

Kesho asubuhi mutoto wangu atapita kwenye geti ileile. Direktere anasimamaka pale, kusalimia watoto.