Kicheko cha Baba Mdogo Deo

Mama,

Jumamosi iliyopita nilimwaibisha shemeji yako mbele ya kanisa zima. Sijutii. Nataka ulisikie kwangu.

Unakumbuka siku alipotukuta hapa ugenini Parkdale, mimi na wewe tumejifunika blanketi moja, tunatazama ile tamthilia yetu ya Uingereza? Ile familia ya kimaskini, watoto sita, baba hana kazi, mama anagombana na jirani kupitia ukutani. Kiingereza chako kilikuwa cha kusafishia vyumba vya hoteli tu, lakini ulicheka kabla sijakutafsiria. "Hawa si wazungu," ulisema, "hawa ni sisi." Miaka kumi na moja tuliwafuatilia. Binti yao alipoolewa ulivaa kitenge kipya, ukakaa mbele ya televisheni kama mwalikwa.

Baba mdogo akasimama mlangoni. "Mjane mzima, unatazama walevi!" Jumapili akakushtaki kwa wazee wenzake wa kanisa, ukavuliwa uongozi wa wamama. Ulipolazwa, hakuja hata mmoja wao. Kila mlango wa wodi ulipofunguka, uligeuza kichwa. Niliona, Mama.

Halafu mazishini akalia kunishinda mimi.

Basi, siku ya kumbukumbu yako ya mwaka, nilipita kwake asubuhi kuchukua masufuria. Mama mdogo, mkewe, alinifungulia. Sebuleni mapazia yamefungwa, na mzee wa kanisa ameinua miguu juu ya meza, anacheka mpaka machozi. Tamthilia yetu! Aliponiona akazima haraka. "Nilikuwa natafuta habari," akasema.

Mchana kanisani akashika maikrofoni, aeleze jinsi alivyokupenda. Nikasimama.

"Baba mdogo, kwanza waambie wamama ulikuwa unacheka nini asubuhi."

Kisha mama mdogo, kule nyuma: "Si leo tu, mwanangu. Walevi wale wale, kila Jumamosi."

Baba mdogo alikaa chini kama gunia. Mwenyekiti wa wamama akanijia analia, anaomba radhi. Nilimwambia aliyestahili kuombwa amezikwa.

Sasa baba mdogo ananipigia simu, anataka tusali pamoja. Sipokei. Watu wanasema hasira itanichosha. Labda.

Lala salama, Mama. Nakuahidi hivi: siku akiugua, nitakwenda. Nitampikia, nitamfulia, nitamgeuza kitandani, kila siku, mpaka ashindwe kunitazama usoni.

Mwanao,
Espérance