Dada Alipolirudia Jiko na Kaa la Moto

Mjukuu wangu Kemilembe,

Shikamoo yako imenifikia huku Chonyonyo, marahaba. Babu yako bado hainuki kitandani, na migomba inanyauka. Habari njema sina.

Unauliza jiko la gesi likizimika uliwasheje. Nilipokuwa msichana, dada yangu Koku alimpikia mwalimu mmoja mgeni kwa jiko la gesi. Siku moja sufuria ya ndizi ilichemka ikafurika, moto ukazimika. Kwetu moto ukizimika unafunga mlango upepo usipeperushe majivu, unakwenda kuomba kaa kwa jirani. Koku akafanya hivyohivyo, gesi nyuma yake inatoka. Akarudi na kaa la moto, akaliinamia jiko.

Mengine sisemi. Tulimzika.

Wewe funga kwanza koki ya jiko na ya mtungi. Fungua mlango na madirisha, usiguse kiberiti wala swichi ya taa, utoke nje mpaka harufu iishe kabisa. Ikirudi, usiwashe, ita fundi.

Jiko ulilonitumia liko pembeni, halijaguswa. Kuni hakuna, tunakula viporo vya baridi tunavyoletewa na jirani. Kuwasha najua, mjukuu wangu. Kuliinamia ndiko kunakonishinda.

Bibi yako